Picha Ikipigwa Pemba, Irudi Pemba

Kokota ni kisiwa ambacho hata Wapemba wengi hawajawahi kukikanyaga. Kiko magharibi, ng'ambo ya Wete, jirani na Fundo na Uvinje, na hakifikiki ila kwa chombo. Kwa miaka mingi watu wake walikata miti kwa kuni na kwa kujengea mpaka ardhi ikabaki wazi, na maji ya kunywa wakayafuata kwa mashua upande wa pili. Mwaka 2016 kisiwa hicho kikaingia katika filamu, *Kokota: The Islet of Hope*, iliyoongozwa na mpigapicha wa Kanada, Craig Norris. Anayetuongoza ndani yake ni Mbarouk Mussa Omar wa Community Forests Pemba, taasisi ya Kipemba inayoshirikiana na Community Forests International ya mji wa Sackville, New Brunswick. Tunawaona watu wakipanda miti, wakikinga maji ya mvua kwa mapaa, na wakijadiliana namna ya kuishi katika kisiwa ambacho bahari inakikaribia kila mwaka.

Filamu za visiwa vyetu zina ada yake. Kwanza machweo, kisha ngalawa, kisha mtoto anayetabasamu, na hatimaye sauti ya mtu asiyeonekana akieleza kwamba watu hawa ni maskini. Norris ameikwepa njia hiyo kwa kiasi kikubwa. Watu wa Kokota hawakuwekwa mbele ya kamera ili wahurumiwe. Wanafanya kazi na wanajua kwa nini wanaifanya, na anayewaongoza katika kazi hiyo ni mtu wa Pemba. Mtazamaji aliyeko Toronto au Berlin anaondoka akijua kwamba mabadiliko ya tabianchi yana majina na nyuso, na kwamba wenye nyuso hizo wana akili ya kuyakabili.

Hiyo ni safari ya kwanza ya filamu, ya kwenda nje. Ni muhimu, kwa sababu huleta wafadhili na kuwaamsha wenye maamuzi. Lakini filamu ya kutetea haki ina safari ya pili, ya kurudi ilikopigwa, na hiyo ndiyo hasa inayobadilisha mambo. Jamii inapojiona na kujisikia, ikabishana na picha yake yenyewe na kuitumia mbele ya wakubwa, hapo filamu inakuwa chombo cha watu. Isiporudi, watu wanabaki kuwa malighafi, kama karafuu inayosafirishwa ikiwa kavu na kutengenezewa mafuta kwingine.

Zanzibar inaujua uchungu wa kupigwa picha bila kuulizwa. Januari 1964, wakati wa Mapinduzi, Waitaliano wawili, Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, walikuwa wakitengeneza filamu iliyotoka mwaka 1966 kwa jina *Africa Addio*. Timu yao ilipiga picha kutoka angani, juu ya Unguja, za misafara ya watu waliokuwa wakifukuzwa na za makaburi ya halaiki. Picha hizo zimebaki ushahidi mzito ambao wanahistoria wanaendelea kuurejea hadi leo. Ila zimefungwa ndani ya filamu yenye maneno ya dharau kwa Waafrika, na aliyezipiga hakutua kumuuliza mtu jina lake, kijiji chake wala alichofanyiwa. Maiti hawakupewa majina na walionusurika hawakupewa sauti. Watu walewale wamebaki wakitumiwa na kila upande wa siasa zetu kuthibitisha hoja zake.

Miaka arobaini baadaye likatokea jambo jingine Mwanza. Mwaastria Hubert Sauper alitoa *Darwin's Nightmare* mwaka 2004, kuhusu sangara wa Ziwa Victoria anayepelekwa Ulaya huku wanaomvua wakibaki na vichwa na mifupa. Filamu ilishinda tuzo nyingi na kuteuliwa kuwania Oscar. Mwaka 2006 Rais Jakaya Kikwete aliilaani hadharani, na Mwanza yakafanyika maandamano ya kuipinga. Mimi naamini Sauper alikuwa na hoja ya kweli kuhusu biashara isiyo ya haki. Kilichokosekana ni mazungumzo na wenyeji. Filamu ilikwishazungumza na kumbi za Ulaya kwa muda mrefu kabla haijazungumza na mialo ya Mwanza, na palipo na pengo la aina hiyo mwanasiasa hupata nafasi rahisi ya kusema, "Hawa wanatudhalilisha." Wachuuzi wa vichwa vya samaki, ambao pengine wangekuwa mashahidi wa kwanza wa filamu hiyo, walibaki nje ya ubishi uliowahusu wao.

Mfano ulio bora uko karibu zaidi nasi kuliko tunavyodhani, na umesahauliwa isivyostahili. Katika miaka ya 1990 kikundi cha video kilichoitwa Maneno Mengi, chenye makao yake Zanzibar, kilifanya kazi Mtwara na Lindi chini ya mradi wa RIPS uliofadhiliwa na Finland. Miongoni mwa waliokuwamo ni Farida Nyamachumbe na Lars Johansson. Pwani ile ilikuwa ikitikiswa na uvuvi wa baruti. Bomu moja likitupwa majini huua wakubwa na wadogo, huvunja matumbawe yaliyochukua miongo kujengeka, na samaki wengi waliokufa huzama wasiokotwe. Kila mwanakijiji aliwajua wapigaji. Waliojua pia kwamba baadhi ya wenye dhamana ya kuwakamata walikuwa wakila nao walinyamaza, maana kusema peke yako katika kijiji kidogo ni kujitafutia balaa.

Kikundi kile hakikuja na filamu iliyokwishaandikwa. Kilikuja na kamera, kikakaa vijijini, kikarekodi mikutano ya wavuvi na kuwaonyesha wenyewe kilichorekodiwa jioni ileile au siku iliyofuata. Mtu alijiona akisema. Akarekebisha aliloona halikukaa sawa, akaongeza alilolisahau, na mara nyingine akaomba kipande kifutwe. Kisha kanda ikapelekwa kijiji cha pili, na wavuvi wa huko wakagundua kwamba shida waliyodhani ni yao peke yao iko pwani nzima. Wakajibu kwa kanda yao. Mwisho sauti hizo zikafika kwa viongozi wa ngazi za juu, na haikuwa rahisi tena kwa ofisa kusema hana taarifa, kwani taarifa ilikuwa mbele yake, ikiwa na sura za watu na mahali wanapoishi. Wanavijiji wakaunda shirikisho lao la kulinda bahari, na mwishoni mwa muongo ule mabomu yakapungua sana pwani ya kusini. Kuyapunguza kulihitaji pia doria na amri za serikali, na miaka iliyofuata baruti ilirudi mpaka msako mwingine ulipofanyika. Lakini kilichoanza kuvunja ukimya ni ile kanda iliyotoka kijiji hadi kijiji.

Utaratibu huo una asili ya kisiwa pia, kilicho mbali sana na bahari yetu. Mwaka 1967 Colin Low wa Bodi ya Taifa ya Filamu ya Kanada alikwenda kisiwa cha Fogo, Newfoundland, ambako serikali ilikuwa ikiwashawishi wavuvi wahame kwa maelezo kwamba vijiji vyao havina mustakabali. Low alitengeneza filamu fupi zaidi ya 20, kila moja kuhusu mtu, familia au jambo moja, na kila moja ilionyeshwa kwanza kwa waliomo kabla ya kutoka nje. Vijiji vilivyokuwa vimegawanyika kwa dini na kwa umbali vikaanza kusikilizana kupitia kitambaa cha sinema. Mawaziri wakazitazama, na waziri wa uvuvi akajibu kwa kurekodiwa naye pia. Watu wa Fogo wakaanzisha ushirika wao wa uvuvi na kisiwa hakikuhamwa. Nimefurahi kuona kwamba aliyekuja Kokota na kamera nusu karne baadaye alitoka nchi hiyohiyo, ingawa namna yake ya kutengeneza filamu ni tofauti.

Sasa tuitazame Pemba yenyewe na kujiuliza kamera ingefaa wapi.

Tuanze na pweza, kwa sababu hapo kazi imekwishaanza. Mtandao wa jamii za pwani wa Mwambao umevisaidia vijiji kufunga sehemu za miamba kwa muda, miezi mitatu hivi, ili pweza wakue kabla ya kuvuliwa, na Kisiwa Panza, kusini mwa Pemba, ni miongoni mwa vilivyotangulia. Video zinazotengenezwa na wanakijiji wenyewe zimekuwa moja ya zana za mtandao huo. Wazo la kufunga miamba lilipata umaarufu Andavadoaka, Madagascar, kuanzia mwaka 2004, na nguvu yake inatokana na maisha ya mnyama mwenyewe. Pweza hukua haraka mno. Jike hutaga mara moja tu, hukaa na mayai yake bila kula mpaka yaanguliwe, kisha hufa. Ukimchokoa mapema umeondoa kizazi kizima.

Lakini mwambie hayo mama ambaye kila bamvua huteremka mwambani na chuma chake ili apate cha kupika jioni. Kwake miezi mitatu ni ugali uliokosa kitoweo. Mtaalamu anaweza kumwonyesha michoro na tarakimu mpaka jua lizame. Mama mwenzake wa kijiji cha pili, akiongea Kipemba kilekile, akisimulia namna alivyobana miezi ile na alichokipata siku ya kufungua, huyo atasikilizwa. Na filamu nzuri haimfichi mama anayepinga. Kama mwamba uliofungwa ndio ulio karibu na wanawake waendao kwa miguu, huku wanaume wenye vyombo wakiendelea kuvua kwenye kina, basi kuna suala la haki hapo, na kamera isiyoligusa inafanya kazi ya matangazo.

Wanawake wa mwani wana suala linalofanana na hilo. Sehemu kubwa ya mwani wa Zanzibar inatoka Pemba, na wakulima wake wengi ni wanawake. Maji yamezidi joto, na aina ya mwani yenye bei nzuri haistawi tena penye maji mafupi, kwa hiyo inabidi kuufuata kwenye kina, ambako mwanamke asiyejua kuogelea na asiye na chombo hawezi kufika. Bei anapangiwa na mnunuzi. Filamu inayoanzia kwenye kamba na vigingi vyake, ikaufuata mzigo mpaka kiwandani ng'ambo unakotolewa ute wa kutengenezea dawa ya meno na aiskrimu, kisha ikarudi na kumwonyesha mkulima mlolongo mzima, ingempa hoja ya kujadiliana bei ambayo hotuba za semina hazijampa.

Namna ya kumpiga picha mwanamke huyo tayari tumefundishwa na Mtanzania. Mwaka 1992 Flora M'mbugu-Schelling alitoa *These Hands*, filamu ya kama dakika 45 kuhusu wanawake, wengi wao wakimbizi kutoka Msumbiji, waliokuwa wakiponda mawe kwa mikono Kunduchi, Dar es Salaam. Hakuna msimulizi. Tunasikia nyundo na jiwe, tunaona vidole, watoto wanacheza pembeni, na wanawake wanaimba na kucheka. Mwongozaji hakutuambia tuhisi nini, na ndiyo maana hakuna anayeitazama akabaki vilevile. Ningependa kila kijana wa Chake Chake anayeshika kamera aione filamu hiyo kabla hajatafuta muziki wa huzuni wa kuweka chini ya picha zake.

Kifaa si tatizo kubwa tena. Tangu mwaka 2010 Pemba ina umeme wa waya uliopita chini ya bahari kutoka Tanga, na simu inayopiga picha safi iko mfukoni mwa muuza madafu. Kwa jirani zetu Kenya, mkulima Kisilu Musya wa Mutomo alianza kurekodi ukame, mafuriko na maisha ya familia yake mwenyewe, akishirikiana na Mnorwe Julia Dahr. Kazi ya miaka kadhaa ikawa *Thank You for the Rain*, iliyotoka mwaka 2017. Mkulima huyo alifika hadi kwenye mkutano wa tabianchi wa Paris mwaka 2015 akiwa na alichokirekodi, na mashambani kwake aliendelea kuwashawishi majirani kupanda miti. Jina lake limo katika filamu kama mshiriki wa kuitengeneza, na hilo ndilo ninalolitaka kwa mvuvi wa Micheweni.

Ugumu uko kwenye amana. Pemba ni mahali watu wanajuana hadi babu wa tatu. Ukificha sura ya mtu na kuacha sauti yake, mlango wake au hata mbuzi wake, kijiji kizima kimekwishamjua. Kwa hiyo anayetaka kurekodi kesi za udhalilishaji, ambazo mashirika kama TAMWA Zanzibar yamezipigania kwa miaka, hawezi kuridhika na saini kwenye karatasi. Zanzibar ina Sheria ya Mtoto ya mwaka 2011, na tangu mwaka 2021 ina mahakama maalumu za kesi za udhalilishaji, lakini sheria haimlindi msichana na macho ya watu kisimani. Ridhaa huombwa kabla ya kurekodi, huombwa tena baada ya mhusika kujiona, na huombwa mara ya tatu kabla filamu haijatoka. Akisema "hapana" siku ya mwisho, kipande kinaondoka, hata kama ndicho kizuri kuliko vyote. Na mama anayetaka kupigwa picha akiwa na stara yake kamili, au asipigwe kabisa ila mikono, apewe hilo bila kushurutishwa.

Kuna pia njia za kiserikali ambazo mgeni huziona kero na mwenyeji huziona adabu. Unapita kwa sheha, unaeleza unachokitaka, unaandikiwa barua. Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni, BASSFU, lina mamlaka ya vibali. Kwa filamu ya mikoko hakuna tabu. Kwa filamu ya mgogoro wa ardhi, au ya mwekezaji aliyefunga njia ya pwani, kibali chenyewe huweza kuwa uwanja wa mapambano. Mtengeneza filamu mwenye kijiji kizima nyuma yake hapo ana nguvu kuliko aliyekuja peke yake na begi.

Tamasha la Filamu la Kimataifa la Zanzibar, ZIFF, lililofanyika mara ya kwanza mwaka 1998, lilielewa mapema kwamba kuonyesha filamu Ngome Kongwe mjini pekee hakutoshi. Likapeleka maonyesho vijijini, Unguja na Pemba. Anayejua usiku wa sinema kijijini anajua kwamba si usiku wa kukaa kimya. Baada ya isha watu wanakusanyika uwanjani, wanawake na watoto mbele au upande wao, wanaume wamesimama nyuma, jenereta inanguruma, spika inakoroma, na mtu akitokea kwenye kitambaa anatajwa jina na ukoo kabla hajafungua kinywa. Wanabisha kwa sauti. Mzee anasema mwamba ule hauitwi hivyo. Kijana anauliza kwa nini fulani hakuhojiwa. Mwongozaji mwenye busara huacha mwanga uwashwe na mazungumzo yaendelee, kwa sababu saa moja baada ya filamu huwa na thamani kuliko filamu. Na huja na kamera kurekodi saa hiyo pia.

Pemba ina simulizi nzito zaidi ya mwani na pweza. Tarehe 27 Januari 2001 polisi waliwafyatulia risasi waandamanaji wa chama cha upinzani cha CUF katika miji ya Pemba, Wete, Micheweni na Chake Chake ikiwa miongoni mwayo. Tume ya uchunguzi ya Brigedia Jenerali Hashim Mbita ilitaja vifo 31. Human Rights Watch, katika ripoti yake ya mwaka 2002, ilisema havikupungua 35. Watu wapatao 2,000 walivuka kwenda Shimoni, Kenya, na kwa mara ya kwanza Tanzania, nchi iliyozoea kupokea wakimbizi, ikawatoa. Miaka kumi baadaye, usiku wa kuamkia tarehe 10 Septemba 2011, MV Spice Islander I ikazama ikielekea Pemba, imepakia watu kupita uwezo wake, na hakuna kijiji kisichokuwa na msiba. Waliovuka kwa madau hadi Shimoni sasa ni watu wa makamo na wazee. Walioshikilia magodoro baharini usiku ule wana watoto ambao hawajasikia habari kamili. Hawa wanastahili kurekodiwa kwa utulivu, kwa Kipemba chao, na mtu ambaye hatauliza wako chama gani. Inawezekana sehemu ya watakayosema isionyeshwe leo. Irekodiwe hata hivyo, na msemaji ndiye aamue ifunguliwe lini.

Kwa ajili ya hayo yote yapo mambo ya kufanya ambayo hayahitaji kusubiri mfadhili. Vibali vya kupiga filamu Pemba viwe na sharti moja jipya: nakala kamili ya kazi, yenye sauti ya Kiswahili na isiyohitaji intaneti kuitazama, ikabidhiwe kwa kamati ya shehia iliyopigwa picha, na nyingine iwekwe Chake Chake mahali ambapo mwanafunzi anaweza kuingia na kuomba kuitazama. Onyesho la kwanza liwe kijijini. Picha ambazo hazikutumika, zile saa nyingi za mazungumzo yaliyokatwa mezani kwa mhariri, zirudi pia, maana ndimo zilimo sauti za wazee kwa urefu wake. Kanda za video za miaka ya 1990, zile za akina Maneno Mengi na za miradi mingine iliyopita pwani hii, zitafutwe na kuhamishiwa kwenye kompyuta kabla hazijaliwa na ukungu. Na pale Kokota, ambako miche ya wakati wa filamu ile imekwishaota mizizi, vijana wa skuli wapewe kamera warekodi sura ya pili wenyewe.